Mafaili ya zamani ya DLL: Yatambue kabla hujayafuta

KOMPYUTA imewashwa asubuhi, mwenye duka amebofya programu yake ya mahesabu, lakini badala ya daftari la wadaiwa kuonekana, kioo kinaleta kisanduku chenye maneno machache ya Kiingereza kwamba faili liitwalo VB40032.DLL halikupatikana. Wateja wamesimama kaunta, kumbukumbu za madeni ya miaka kumi zimo ndani ya kompyuta hiyo, na hakuna mtu dukani aliyewahi kulisikia faili hilo.

Mkasa wa namna hii unaweza kutokea popote penye biashara za muda mrefu, na Nyakato jijini Mwanza ni moja ya sehemu hizo. Kando ya barabara iendayo Musoma yapo maduka ya vifaa vya ujenzi, gereji, viwanda, maghala na ofisi ndogo ndogo. Penye biashara za siku nyingi pana pia kompyuta za siku nyingi. Nyingine zililetwa nchini zikiwa zimekwishatumika Ulaya au Asia, na programu zilizomo ziliwekwa na fundi ambaye leo namba yake ya simu haipatikani.

Fundi mpya anapoitwa hukabiliwa na vishawishi viwili. Cha kwanza ni kulitafuta jina la faili hilo kwenye mtandao na kulipakua kutoka tovuti ya kwanza inayojitokeza. Cha pili, hasa anapokuta folda lililojaa majina asiyoyaelewa, ni kufuta kila asichokijua ili kompyuta ipate nafasi. Vishawishi vyote viwili vina gharama. Cha kwanza kinaweza kuingiza kirusi, na cha pili kinaweza kuua programu nyingine tatu zilizokuwa nzima.

Hasara yake si ya kifundi tu. Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya mwaka 2015 inamtaka mlipakodi nchini kutunza kumbukumbu zake kwa muda usiopungua miaka mitano. Kumbukumbu zilizofungiwa ndani ya programu isiyofunguka hazina tofauti kubwa na kumbukumbu zilizoungua.

Makala haya yanaeleza mafaili hayo ni nini, yalitoka wapi, namna ya kuyatambua, namna ya kuyagawa katika makundi, na hatua za kuchukua kabla ya kugusa chochote.

MASHINE MOJA, MTAA MZIMA

DLL ni maktaba ya pamoja ya programu. Ni faili lenye maelekezo ambayo programu nyingi huyatumia kwa zamu au kwa wakati mmoja, badala ya kila programu kubeba nakala yake.

Mfano wake ni mashine ya kusaga nafaka mtaani. Kila nyumba ina mahindi yake, lakini si kila nyumba inamiliki mashine. Wote hupeleka debe zao mahali pamoja. Utaratibu huo huokoa fedha na nafasi. Ubaya wake ni kwamba mashine ikiharibika, au akija mtu akaibadilisha kwa nyingine isiyosaga mtama, mtaa mzima unalala na njaa.

Ndivyo ilivyokuwa tangu mwanzo. Windows ya kwanza, iliyotolewa na kampuni ya Microsoft Novemba 20, 1985, ilikusudiwa kuendesha kompyuta zenye kumbukumbu ya kilobaiti 256 tu, kiasi ambacho leo hakitoshi hata picha moja ya kawaida ya simu. Katika ufinyu huo haikuwezekana kila programu iwe na maelekezo yake ya kuchora dirisha, kusoma kipanya na kuandika kwenye diski. Kazi hizo zilikabidhiwa maktaba tatu za pamoja, yaani KERNEL, USER na GDI, na majina ya warithi wake bado yamo katika Windows hadi leo.

Mifumo mingine inao utaratibu huo huo kwa majina tofauti. Katika Linux maktaba za pamoja huishia na herufi .so, na katika kompyuta za Apple huishia na .dylib. Makala haya yanajikita kwenye Windows kwa sababu huko ndiko masalia ya miaka ya 1990 yalikobaki kwa wingi katika ofisi na maduka.

JEHANAMU YA DLL

Katika miaka ya 1990, programu nyingi zilipowekwa kwenye kompyuta zilitupa maktaba zake ndani ya folda la mfumo, na mara nyingine zilifuta nakala iliyokuwapo na kuweka ya kwao. Ikiwa nakala mpya ilikuwa ya toleo la zamani zaidi, programu zilizotegemea ile ya awali zilikufa bila maelezo. Mafundi wa dunia nzima waliipa hali hiyo jina la jehanamu ya DLL.

Mfano unaokumbukwa ni CTL3D32.DLL, maktaba ndogo iliyozipa programu za wakati huo vitufe vyenye umbo la kuinuka. Lilikuwapo toleo la Windows 95 na jingine la Windows NT, yote yakiwa na jina moja. Aliyenakili la upande mmoja na kulipeleka upande mwingine alikutana na ujumbe kwamba toleo lililowekwa si sahihi, ingawa faili lilikuwapo na jina lake lilikuwa lile lile.

Microsoft ilichukua hatua kwa awamu. Windows 2000 ilianza kulinda mafaili ya mfumo na kuyarudisha yenyewe yanapobadilishwa. Windows XP ya mwaka 2001 ilileta folda la WinSxS, ambamo matoleo mbalimbali ya maktaba moja hukaa bega kwa bega na kila programu hupewa lililo lake. Hatua hizo zilipunguza tatizo kwa programu mpya, lakini hazikuzisafisha kompyuta zilizokwisha kuchanganyika, wala hazikuzihusu maktaba za watengenezaji wengine.

JINA LINASEMA NINI

Jambo la kwanza linaloonekana ni jina. Lina faida likisomwa kwa tahadhari.

Kwanza, si kila maktaba ya pamoja huishia na .DLL. Herufi .OCX ni za vipande vya programu vinavyosajiliwa, kama kalenda au jedwali ndani ya fomu. Herufi .VBX ni za vipande vya aina hiyo vya kizazi cha biti 16. Herufi .CPL ni za vitu vinavyoonekana ndani ya paneli dhibiti, .DRV ni za viendeshi, .AX ni za sauti na video, na .BPL ni za programu zilizoandikwa kwa Delphi. Hata mafaili ya zamani ya maumbo ya herufi yenye mwisho .FON ni maktaba za pamoja kwa muundo wake wa ndani.

Pili, tarakimu zilizomo ndani ya jina mara nyingi hutaja umri. VBRUN300.DLL ni ya Visual Basic 3 ya mwaka 1993. VB40032.DLL ni ya Visual Basic 4 ya mwaka 1995, upande wa biti 32, na pacha wake wa biti 16 ni VB40016.DLL. MSVBVM50.DLL ni ya mwaka 1997 na MSVBVM60.DLL ni ya mwaka 1998. Vivyo hivyo, MSVCR71.DLL ni ya Visual C++ ya mwaka 2003, MSVCR80 ya 2005, MSVCR90 ya 2008 na MSVCR100 ya 2010.

Tatu, herufi za mwanzo hutaja ukoo. MFC ni maktaba za Microsoft za kujengea madirisha. MSJET ni injini ya hifadhidata ya Access, ambapo MSJET35 ni ya Access 97 na MSJET40 ilianza na Access 2000. BWCC na IDAPI32 ni za kampuni ya Borland, ya kwanza ikihusu vitufe na ya pili ikihusu hifadhidata. CRPE32 ni injini ya kuchapa ripoti ya Crystal Reports, ambayo programu nyingi za mishahara na stoo ziliitumia kutoa karatasi za mwisho wa mwezi.

Hata hivyo jina linadanganya pia. Katika Windows ya biti 64, faili liitwalo kernel32.dll lililomo ndani ya System32 ni la biti 64, licha ya tarakimu 32 kutajwa mara mbili, kwenye jina la faili na la folda. Mafaili ya biti 32 hukaa ndani ya SysWOW64, jina ambalo kwa macho linaonyesha kinyume chake. Fundi asiyelijua hilo hupeleka faili mahali pasipo pake na kushangaa kwa nini haliokoi kitu.

HATUA ZA UTAMBUZI

Utambuzi wa faili lisilojulikana unafanana na kazi ya mkaguzi wa ghala: huanza na mahali mzigo ulipo, hufuata lebo, kisha hufungua sanduku lenyewe.

Mahali. Faili lililomo ndani ya folda la programu fulani kwa kawaida ni la programu hiyo, kwa kuwa Windows inapotafuta maktaba huanzia kwenye folda la programu inayoiita. Lililomo ndani ya System32 au SysWOW64 linaweza kuwa la mfumo, la programu ya zamani au la mvamizi. Lililomo ndani ya folda la muda au kwenye mzizi wa flashi linastahili kushukiwa mara moja.

Lebo. Kwa kubofya kitufe cha kulia cha kipanya na kufungua sifa za faili, mtumiaji huona ukurasa wenye jina la kampuni, maelezo ya kazi, namba ya toleo, lugha na jina la asili la faili. Jina la asili ni muhimu zaidi kuliko linavyodhaniwa. Faili linaloitwa leo DATA1.DLL, lakini ambalo jina lake la asili ni jingine, limebadilishwa jina na mtu kwa sababu fulani. Ikumbukwe lakini kwamba lebo ni maandishi tu. Yeyote anayetengeneza faili anaweza kuandika humo kuwa ni mali ya Microsoft.

Lugha nayo ni dalili. Hurekodiwa kwa namba ya kompyuta: 0409 ni Kiingereza cha Marekani na 0441 ni Kiswahili, ambacho Microsoft ilikisajili kama Kiswahili cha Kenya kwa alama sw-KE. Kwa hiyo mtu wa Mwanza anayekuta folda la sw-KE ndani ya Windows yake, likiwa na mafaili yenye mwisho .mui, hajaingiliwa na mgeni kutoka ng'ambo ya mpaka. Hizo ni maktaba zenye maneno matupu ya kifurushi cha lugha ya Kiswahili, zisizo na maelekezo ya kazi ndani yake.

Muundo wa ndani. Faili likifunguliwa kwa programu ya kuonyesha baiti, karibu kila DLL huanza na herufi MZ, ambazo ni vifupisho vya jina la Mark Zbikowski, mmoja wa wahandisi wa mwanzo wa Microsoft. Katika nafasi ya 60 kutoka mwanzo huandikwa namba inayoelekeza kilipo kichwa cha pili, na hapo ndipo penye jibu. Kikisomeka NE, faili ni la biti 16, la zama za Windows 3.1 na kabla yake. Kikisomeka LE, mara nyingi ni kiendeshi cha Windows 95 au 98. Kikisomeka PE, ni la kizazi kilichoanza na Windows NT ya mwaka 1993 na kinachoendelea hadi leo.

Ndani ya kichwa cha PE ipo namba ya aina ya kichakato: 014C ni biti 32 za Intel, 8664 ni biti 64, na AA64 ni kwa vichakato vya ARM. Faili lisilo na MZ kabisa ingawa linaitwa DLL huenda limeharibika, limebanwa, au si DLL.

Milango. Kila maktaba huwa na orodha ya kazi inazozitoa kwa wengine, na orodha ya maktaba inazozitegemea. Orodha hizi husema zaidi kuliko jina. Inayotoa DllRegisterServer ni kipande cha kusajiliwa. Inayotoa CPlApplet ni ya paneli dhibiti. Inayotoa ServiceMain hufanya kazi chinichini kama huduma. Inayotoa xlAutoOpen ni nyongeza ya Excel, na inayotoa WEP ni ya zama za biti 16. Kwa upande wa utegemezi, inayoiita MSVBVM60 iliandikwa kwa Visual Basic 6, na inayoiita mscoree ni ya familia ya .NET iliyoanza mwaka 2002.

Programu za bure za kusomea orodha hizo zipo. Dependency Walker ilitumiwa na mafundi kwa miaka mingi na bado inafaa kwa mafaili ya kale. Kwa kuona ni programu gani inayolitumia faili wakati huo huo, ipo Process Explorer ya Sysinternals, mkusanyiko wa zana ulioanzishwa mwaka 1996 na kununuliwa na Microsoft mwaka 2006.

MTEGO WA TAREHE

Mafundi wengi hutazama tarehe ya faili na kuhukumu umri wake. Tarehe ya kuundwa inayoonekana kwenye folda hubadilika kwa kunakili tu, lakini ndani ya PE huwa na tarehe nyingine iliyoandikwa siku faili lilipotengenezwa, ikihesabiwa kwa sekunde tangu Januari 1, 1970.

Hiyo nayo ina mitego miwili. Matoleo ya zamani ya Delphi yaliandika tarehe moja kwa kila faili, yaani Juni 19, 1992. Anayekuta mafaili kumi ya makampuni tofauti yenye tarehe hiyo hajakuta njama, amekuta Delphi. Kwa upande mwingine, mafaili mengi ya Windows 10 na 11 hayana tarehe halisi mahali hapo bali namba iliyokokotolewa kutokana na yaliyomo, na zana za zamani huitafsiri kuwa mwaka usiowezekana, hata ulio mbali mbele. Hilo peke yake si ushahidi wa kirusi.

SAINI NA ALAMA ZA VIDOLE

Uthibitisho wenye nguvu zaidi ni saini ya kidijitali. Faili likisainiwa na mtengenezaji kisha likabadilishwa hata baiti moja, saini huvunjika. Lakini maktaba nyingi za miaka ya 1990 hazikusainiwa, na mafaili mengi halali ya Windows hayana saini ndani yake kwa kuwa yamethibitishwa katika orodha ya pamoja inayotunzwa kando. Zana ya Sigcheck ya Sysinternals hukagua njia zote mbili.

Pasipo saini hutumika alama ya kidole ya faili, ambayo ni mfuatano wa tarakimu unaokokotolewa kutokana na yote yaliyomo. Mafaili mawili yenye alama moja ya SHA-256 huchukuliwa kuwa ni kitu kimoja, hata kama majina yanatofautiana. Windows yenyewe hutoa alama hiyo kwa amri ya certutil. Njia za zamani za MD5 na SHA-1 bado hufaa kutafutia kumbukumbu za kale, lakini si kinga dhidi ya mdanganyifu, kwani zilithibitika kuvunjika mwaka 2004 na 2017 kwa kufuatana.

Alama ikipatikana hulinganishwa na kumbukumbu za dunia. Taasisi ya viwango ya Marekani, NIST, hutunza na kutoa bure mkusanyiko wa alama za mafaili ya programu zinazojulikana, ambao wapelelezi wa makosa ya kompyuta huutumia kutenga mafaili ya kawaida na yale ya kuchunguzwa. VirusTotal, iliyoanzishwa Hispania mwaka 2004 na kununuliwa na Google mwaka 2012, hupima faili kwa programu nyingi za kukinga virusi kwa pamoja. Inashauriwa kutafuta alama kwanza bila kupakia faili lenyewe, kwa sababu kinachopakiwa huko huweza kuonwa na watafiti wengine.

MAKUNDI MATANO

Baada ya hatua hizo, kila faili linaweza kuingizwa katika moja ya makundi yafuatayo:

1. Maktaba za mfumo. Zilikuja na Windows, zimethibitishwa kwa saini, na hazifutwi kwa mkono. Zikiharibika hurekebishwa kwa amri ya sfc /scannow.

2. Maktaba za kuendeshea lugha za programu. Hizi ni kama VBRUN300, VB40032, MSVBVM60, MFC42 na ukoo wa MSVCR. Programu ya duka haiwezi kuwaka bila ile iliyoandikiwa. MSVBVM60 bado huja pamoja na Windows hadi toleo la 11, VB40032 haiji.

3. Maktaba za watengenezaji wengine. Hizi ni injini za ripoti, hifadhidata, viendeshi vya mashine za risiti na vipande vya OCX. Ndizo ngumu zaidi kupatikana tena, kwa sababu baadhi ya kampuni zilizozitengeneza hazipo tena.

4. Yatima. Programu iliyozileta imekwisha ondolewa na hakuna nyingine inayoziita. Hizi zaweza kuondolewa, lakini baada ya uthibitisho na nakala ya akiba.

5. Zinazoshukiwa. Hazina lebo au lebo yake inapingana na yaliyomo, zimekaa mahali pasipo pake, au alama yake imetambuliwa kuwa ya kirusi.

Kosa la kawaida ni kuchanganya kundi la tatu na la nne. Windows hutunza ndani ya rejista yake hesabu ya SharedDLLs, inayoonyesha ni programu ngapi zilizosajili kuitumia maktaba fulani, na programu ya mwisho inapoondolewa huweza kumuuliza mtumiaji kama faili nalo liondolewe. Hesabu hiyo si ya kuaminika kwa mafaili ya kale, kwa kuwa programu nyingi ziliwekwa kwa kunakili folda tu bila kujisajili. Anayejibu ndiyo kwa yote huweza kuua programu ya jirani.

WALIOFUTA NA WALIOPOKEA

Historia ina mafunzo ya pande zote mbili. Mwaka 2001 barua pepe ilizunguka duniani ikiwaonya watu kwamba SULFNBK.EXE ni kirusi na kwamba walifute mara moja. Mwaka uliofuata ikaja nyingine kuhusu JDBGMGR.EXE, faili lenye picha ya dubu mdogo. Yote mawili yalikuwa mafaili halali ya Windows. Watu waliyafuta kwa mikono yao wenyewe, kisha wakawatumia marafiki onyo hilo. Hapakuwa na kirusi. Kilichoenea ni woga wa jina geni.

Upande wa pili, kirusi cha Conficker kilichogunduliwa Novemba 2008 kilikuwa hasa faili la DLL lenye jina la kubahatisha, lililojificha ndani ya System32 na, katika matoleo yaliyofuata, lililosambaa pia kwa flashi. Mwaka 2010 iligunduliwa Stuxnet, iliyobadili jina la maktaba halali s7otbxdx.dll ya mitambo ya Siemens na kuweka yake yenye jina hilo, ili iwe katikati ya kompyuta na mashine za kiwandani. Jina lilikuwa sahihi na mahali palikuwa sahihi, lakini yaliyomo yalikuwa ya adui.

Linux nayo haikusalimika. Machi 29, 2024 mhandisi Andres Freund alitangaza kuwa maktaba ya pamoja ya liblzma, matoleo ya 5.6.0 na 5.6.1, ilikuwa imepandikizwa mlango wa siri. Aliligundua hilo kwa kufuatilia ucheleweshaji wa takriban nusu sekunde wakati wa kuingia kwenye kompyuta.

KUMBUKUMBU ZA UTAFITI NAZO ZIMO

Suala hili halikomei kwenye maduka. Mwanza ni jiji la tafiti, likiwa na vituo vya Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, NIMR, na Taasisi ya Utafiti wa Uvuvi, TAFIRI. Taasisi za aina hiyo duniani kote hukabiliwa na swali la data zilizoingizwa kwa programu za zamani.

Epi Info 2000, programu ya bure ya kituo cha Marekani cha kudhibiti magonjwa, CDC, iliandikwa kwa Visual Basic na kutunza data katika muundo wa Access. Maana yake ni kwamba anayetaka kuifungua katika hali yake ya asili atahitaji maktaba za kundi la pili na injini ya MSJET. Anayezifuta kwa kudhani ni takataka huondoa ufunguo na kuacha kufuli.

Wakati nao unazidi kubana. Windows ya biti 64 haiendeshi programu za biti 16, na Windows 11 iliyotolewa mwaka 2021 haikutengenezwa kabisa kwa biti 32. Msaada wa kawaida wa Windows XP ulikoma Aprili 8, 2014, wa Windows 7 Januari 14, 2020, na wa Windows 10 Oktoba 14, 2025. Programu inayotegemea VBRUN300 sasa inahitaji kompyuta ya zamani iliyotengwa na mtandao, au kompyuta pepe inayoendeshwa ndani ya ile mpya.

KURUDI DUKANI

Katika mfano wa duka lililotajwa mwanzo, jibu lipo. Jina linaonyesha kuwa faili lililopotea ni la Visual Basic 4, biti 32, hivyo linaweza kufanya kazi hata kwenye Windows ya biti 64. Ikiwa jana yake kuna programu nyingine iliyoondolewa, inawezekana ndiyo iliyoondoka nalo.

Hatua ya kwanza si kupakua, bali ni kunakili diski nzima, au walau folda la programu na data zake, kwenye diski ya nje. Pili, litafutwe faili kwenye kapu la takataka, kwenye kompyuta nyingine ya ofisi yenye programu hiyo, au kwenye CD na disketi za awali ambazo mara nyingi bado zimo kwenye droo. Tatu, likipatikana likaguliwe: kichwa kiwe PE, aina iwe 014C, jina la asili lilingane, na alama yake itafutwe kwenye kumbukumbu. Nne, liwekwe ndani ya folda la programu yenyewe, si la mfumo, ili lisigongane na lingine. Programu ikiomba faili jingine, hatua zirudiwe kwa hilo pia.

Kwa anayesafisha kompyuta, kanuni ni kutofuta kwanza. Faili linalodhaniwa kuwa yatima libadilishwe jina au lihamishiwe folda la kando, kisha kazi ya kawaida iendelee hadi mwisho wa mwezi upite na ripoti zote zichapwe, kwa sababu injini ya ripoti huweza kuitwa mara moja tu kwa mwezi. Likishukiwa kuwa la uvamizi, kompyuta itolewe kwenye mtandao. Kwa matukio makubwa kipo kikosi cha TZ-CERT kilicho chini ya Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA.

Mwisho, ni vema kila ofisi iwe na karatasi moja inayotaja programu zake, mwaka zilipowekwa, maktaba zinazozitegemea na mahali zilipo disketi au CD zake. Daftari likishafunguka, kazi inayofuata ni kuzitoa data zote na kuzihamishia kwenye muundo unaosomeka leo, ukiwamo wa karatasi. Programu inayotegemea faili la mwaka 1995 imeokolewa kwa muda tu, na mwenye duka hana hakika kwamba litakapopotea tena disketi zake bado zitasomeka.